Ivan Mauger: Aliyeshinda Kabla Utepe Haujapaa

Wajukuu, tuanze na pikipiki yenyewe, maana msipoijua hamtaona ajabu ya mtu aliyeiendesha.

Itazameni ile bodaboda iliyoegeshwa chini ya mwembe. Tuivunjevunje kwa maneno tu, mwenyewe asije akatukimbiza. Ng'oa taa zote. Ng'oa kiti kirefu cha abiria, bakiza kipande chembamba cha kukalia, kama kibao cha mbuzi ya kukunia nazi. Ng'oa vioo na honi. Mwaga petroli iliyomo kwenye tangi, utie methanoli. Toa ile injini, weka nyingine ya silinda moja, yenye ujazo wa sentimita za ujazo 500, yaani mara nne hivi ya hiyo mnayoiona. Gia bakiza moja tu. Ukimaliza, mashine nzima ina uzito wa kilo 80 hivi, nyepesi kuliko bodaboda, na ukiifungulia moto inachomoka kama mbuzi aliyekata kamba.

Bado kitu kimoja. Ng'oa breki. Ya mbele na ya nyuma.

Namsikia mmoja pale nyuma ananong'ona, "Sasa babu, inasimamaje?" Inasimama kwa kuachiwa moto, ikapunguza mwendo yenyewe. Lakini wanaoshindana nayo hawahangaiki na kusimama. Kazi yao ni kukata kona.

Mbio zenyewe huitwa spidiwei. Kiwanja chake kina umbo la yai, mita 300 na ushei kwa mzunguko mmoja, na juu yake kumemwagwa mawe laini yaliyosagwa yakawa nusu mchanga, nusu changarawe. Waendeshaji wanne wanapanga mstari. Wanazunguka mara nne, siku zote kwa kupinda kushoto, kinyume cha mishale ya saa. Inachukua kama dakika moja, basi. Wa kwanza anapata pointi 3, wa pili 2, wa tatu 1, na wa nne anarudi na vumbi lake.

Nani kati yenu hajawahi kuteleza na baiskeli kwenye mchanga? Unafika konani kwa kasi, tairi la nyuma linaanza kukukimbia, unashusha mguu wa ndani chini ili usianguke. Wewe ukifanya hivyo, mama anakugombeza kwa kumaliza viatu. Mtu wa spidiwei hivyo ndivyo anavyokula mkate wake. Chini ya buti la kushoto hufunga soli ya chuma, na soli hiyo huiburuza ardhini kila kona. Tairi la nyuma analiacha liteleze kwa makusudi huku akizidi kulitia moto, na ili pikipiki isijizungushe kama pia, usukani anaupindisha kulia wakati yeye mwenyewe anakwenda kushoto. Mtazame kwa mbele utadhani anaelekea kwenye ukuta.

Hapa pana jambo la kinyumenyume kidogo. Sisi wengine tukiogopa, tunapunguza moto. Kwenye spidiwei ukipunguza moto katikati ya kona, tairi la nyuma lililokuwa linateleza linashika ardhi ghafla, pikipiki inasimama wima, na huo ukuta uliokuwa unauangalia unaufuata kweli. Kwa hiyo mwoga ndiye anayeanguka.

Na lile tairi la nyuma linarusha nini? Linarusha changarawe. Anayeongoza hana habari, mbele yake ni kweupe. Wa pili, wa tatu na wa nne wanapigwa mvua ya mawe usoni na kifuani, miwani inajaa tope, na njia hawaioni vizuri. Likumbukeni hilo, maana mtu wetu alijenga maisha yake yote juu yake.

Watu wengi huhesabu mwanzo wa mchezo huu kuwa mwaka 1923 huko West Maitland, Australia, kwenye uwanja wa maonesho ya kilimo, ambako Johnnie Hoskins, mzaliwa wa New Zealand, aliandaa mbio za pikipiki usiku chini ya taa. Mwaka 1928 ukafika Uingereza na kuenea kama moto wa nyikani. Mwaka 1936 ikafanyika fainali ya kwanza ya dunia, Wembley, London. Katika zama za mtu wetu, ukisikia bingwa wa dunia, aliyemaanishwa ni mmoja tu: aliyeshinda usiku mmoja wa fainali. Waendeshaji 16, kila mmoja anakimbia mara 5, kila mmoja anakutana na kila mmoja, mbio 20 kwa jumla. Ukishinda zote tano una pointi 15. Ukiharibu moja, subiri mwakani. Mwaka mzima wa kazi unapimwa kwa dakika tano.

Sasa twende Christchurch.

Christchurch ni mji wa kisiwa cha kusini cha New Zealand. Hapo ndipo alipozaliwa Ivan Mauger tarehe 4 Oktoba 1939. Alipokuwa na miaka 14, kijana aliyelelewa mji huohuo, Ronnie Moore, alichukua ubingwa wa dunia kule Wembley. Fikirini jirani yenu, ambaye mnajua hata duka anakonunua mkate, anaondoka na kurudi bingwa wa dunia. Watoto wa mtaa mzima wanakuwa wazimu. Ivan naye akashikwa, akaanza kukimbia kwenye kiwanja cha Aranui palepale mjini.

Mwaka 1957, akiwa na miaka 17 na mke aliyekuwa mdogo kuliko yeye, Raye, alipanda meli kwenda Uingereza. Alikwenda Wimbledon, London, klabu ya Ronnie Moore, na alikokuwa Barry Briggs, mtoto mwingine wa Christchurch. Kijana alijiona keshafika. Kumbe bado. Aliwekwa pembeni. Alipewa nafasi chache za kukimbia, na ili wapate kula akawa anafanya vibarua uwanjani hapohapo. Mwaka huohuo Briggs, mtu wa mji wake na wa klabu yake, akawa bingwa wa dunia. Wazeni: mmoja anapigiwa makofi, mwenzake yuko na ufagio.

Akarudi nyumbani. Wapo wanaoona aibu ya kurudi ikawamaliza, na mimi nisingewalaumu, kwani safari ya meli kutoka Uingereza hadi New Zealand ni wiki nyingi za kukaa na mawazo yako. Lakini Mauger hakuacha. Alikimbia New Zealand na Australia miaka kadhaa, akajifunza tena toka mwanzo. Mwaka 1963 akarudi Uingereza mara ya pili, safari hii si London. Alikwenda kaskazini, Newcastle, mji wa makaa ya mawe na meli, kwenye ligi ya daraja la chini. Katika ligi hiyo ulikuwapo ubingwa wa mwendeshaji mmoja mmoja. Aliuchukua 1963, akauchukua tena 1964, na mwaka huo Newcastle ikatwaa ubingwa wa ligi.

Alibadilika nini? Hapa nataka mnisikilize kwa makini, maana ndicho kiini cha habari yote.

Wakati ule waendeshaji wengi walikuwa watu wa kipaji na ujasiri. Walifika uwanjani, wakawasha, wakakimbia, wakaenda zao baa. Mauger aliuendea mchezo kama fundi saa anavyoiendea saa. Alifanya mazoezi ya mwili, alichunga alichokula. Pikipiki zake zilikuwa safi hata ungeweza kujitazamia uso kwenye tangi, na alikuwa na mafundi wa kuzishughulikia wakati wengine wanahangaika wenyewe na spana. Aliitayarisha hata akili yake kabla ya mbio, jambo ambalo wakati huo wenzake walilicheka. Wengine walimwona mtu baridi, asiye na mbwembwe. Mimi nadhani walikuwa wanaona wivu.

Na kuliko vyote, alisoma kuanza.

Sogeeni niwaoneshe kuanza kulivyo. Mbele ya magurudumu manne kuna utepe umevutwa kukatisha njia, kama kamba ya kuanikia nguo, kimo cha kifua. Umeshikwa na sumaku. Mwamuzi akibonyeza, sumaku inaachia na utepe unaruka juu. Ukiugusa kabla haujapaa, unatolewa kwenye mbio hiyo. Ukichelewa kuondoka kwa muda wa kupepesa jicho, mwenzako ameshachukua kona ya kwanza, na wewe unakula changarawe kwa dakika nzima.

Kwa hiyo tazameni mwendeshaji mjuzi anavyofanya. Anafika kwenye nafasi yake, anakwaruza ardhi kwa buti kama kuku anayetafuta mchwa, anatafuta mahali tairi litakaposhika. Anaingiza gurudumu la nyuma kwenye kijishimo hicho. Anaminya klachi, injini inanguruma hadi kichwa kinauma. Anainama mbele mpaka kidevu kinakaribia usukani, kwa sababu akikaa wima gurudumu la mbele litainuka juu na mbio imekwisha. Macho hayaangalii kona, wala wenzake, wala watu. Yanaangalia utepe, labda nyuzi chache tu za ule utepe. Ukitikisika, vidole vinaachia klachi.

Vidole viwili, wajukuu. Huwezi kuachia yote kwa mkupuo, tairi litazunguka pale pale bila kwenda. Huwezi kuachia taratibu, umechelewa. Kuna kipimo katikati, na kipimo hicho kinabadilika kila jioni kwa kadiri ardhi ilivyo kavu au mbichi. Mauger alikufanyia mazoezi kuanza huko kama mtoto wa madrasa anavyorudia juzuu. Ndiyo maana nasema mbio zake nyingi alizishinda kabla wengine hawajajua kwamba zimeanza.

Mwaka 1967 alimaliza wa tatu katika fainali ya dunia. Mwaka 1968, mjini Gothenburg, Sweden, alishinda mbio zote tano. Pointi 15 kwa 15. Wa pili alikuwa Barry Briggs, yule aliyepigiwa makofi Wimbledon.

Mwaka 1969 akashinda tena, Wembley. Ikabaki hadithi ya 1970.

Fainali ya 1970 ilipangwa kufanyika Wrocław, Poland, na mtu kushinda mara tatu mfululizo lilikuwa halijatokea tangu mashindano yaanze. Wamarekani wawili mashabiki wakamwambia: ukishinda na huko, pikipiki utakayoshindia tutaichovya dhahabu. Mtu mzima anasikia ahadi kama hiyo, anacheka, anaenda zake. Mauger akaenda Poland na Jawa yake, pikipiki iliyotengenezwa Czechoslovakia, akawakuta Wapolandi nyumbani kwao mbele ya watu wao, na akashinda mbio zote tano. Paweł Waloszek wa Poland akawa wa pili kwa pointi 14. Na wale Wamarekani, kwa heshima yao, hawakuruka ahadi. Wakaichukua pikipiki na kuichovya dhahabu kweli.

Wakati huo alikuwa ameshahamia klabu ya Belle Vue ya Manchester, ambayo akiwamo ilichukua ligi ya Uingereza 1970, 1971 na 1972. Ipo pia aina nyingine ya mbio, kwenye viwanja virefu zaidi ambako kasi ni kubwa mno. Huko nako alikuwa bingwa wa dunia mara tatu, 1971, 1972 na 1976. Nayapita haraka hayo kwa sababu nina jambo tamu zaidi.

Kule Newcastle alipita kijana wa Denmark aitwaye Ole Olsen. Mauger alimlea katika kazi, akamfundisha namna ya kuitengeneza pikipiki, namna ya kuanza, namna ya kujiandaa. Mwaka 1971 Mauger alikwenda Gothenburg kutafuta taji la nne mfululizo. Akamkuta mwanafunzi wake. Olsen alishinda mbio zote tano, pointi 15. Mwalimu akawa wa pili kwa 12. Olsen alikuja kuwa bingwa mara tatu, na ushindani wao haukuisha. Mwaka uliofuata, Wembley, Mauger alilirudisha taji baada ya mbio moja ya kuamua dhidi ya Bernt Persson wa Sweden. Usiku huo Briggs aliangushwa na kupoteza kidole. Msidhani mchezo huu ni dhahabu tu.

Halafu ikaja 1973.

Fainali ilikuwa Chorzów, Poland, kwenye uwanja mkubwa wa Silesia, na watu walizidi 100,000. Wote walikuja kumwangalia Mpolandi yeyote atakayeweza. Hakuna aliyemweka Jerzy Szczakiel katika hesabu. Katika fainali ya 1971 Szczakiel huyo alipata pointi 0. Sufuri, wajukuu, jioni nzima. Lakini safari hii mbio 20 ziliisha na yeye ana pointi 13, sawa na Mauger. Ikabidi wakimbie wawili peke yao.

Utepe ukapaa. Na aliyewahi hakuwa Mauger.

Szczakiel alikuwa mbele. Kwa mara moja bwana wa kuanza akajikuta nyuma, anakula changarawe, mbele ya watu zaidi ya laki moja wanaomshangilia mwenzake. Alifanya nini? Alijaribu kupita. Akamkaribia mno, gurudumu lake likagusa la mwenzake, akaanguka. Szczakiel akamaliza mizunguko iliyobaki peke yake, akawa Mpolandi wa kwanza kuwa bingwa wa dunia.

Kuna wanaosimulia maisha ya Mauger wakaruka mwaka huu. Mimi nawasimulia kwa sababu ya jambo moja: angeweza kubaki wa pili akarudi nyumbani na pikipiki nzima.

Miaka ikapita. Alihamia Exeter, akaisaidia kuchukua ligi 1974, kisha Hull. Mataji ya dunia yalikuwa yanakwenda kwa wengine. Mwenye rekodi wakati huo alikuwa Ove Fundin wa Sweden, mataji matano. Mwaka 1977 fainali ikarudi Gothenburg, na mvua ikanyesha kana kwamba imelipwa. Peter Collins wa Uingereza, bingwa mtetezi, alikimbia na mguu ulioumia vibaya siku chache kabla, na bado alipata pointi 13. Sijui mtu huyo alikuwa ameumbwa kwa udongo gani. Mauger, katika tope lile, akapata 14. Taji la tano, sawa na Fundin.

Tarehe 2 Septemba 1979 fainali ikarudi Chorzów. Uwanja uleule. Mauger alikuwa amebakiza mwezi mmoja tu afike miaka 40, na wengi wa wapinzani wake walikuwa watoto wadogo wakati yeye anafanya vibarua Wimbledon. Mpinzani mkubwa alikuwa tena Mpolandi, Zenon Plech, na watu wao tena wamejaa. Mkiniuliza mimi, dhahabu ile ya 1970 ni mapambo. Kazi yenyewe ni hii. Plech alipata pointi 13, Mauger 14. Taji la sita, na hakuna mtu aliyewahi kufika huko kabla yake. Mwaka huohuo aliiongoza New Zealand kutwaa ubingwa wa dunia wa timu, wakati zamani, 1968, 1971 na 1972, alikuwa akiushinda huo kwa jezi ya Uingereza.

Rekodi yake ilikaa peke yake miaka 26, hadi Tony Rickardsson wa Sweden alipoifikia 2005. Bartosz Zmarzlik wa Poland naye akaifikia 2025. Mpaka hapo mashindano yalikuwa yamebadilishwa: badala ya usiku mmoja, ni mfululizo wa mashindano mwaka mzima. Wabishi wa mchezo huu hubishana ni njia ipi ngumu zaidi. Waacheni wabishane.

Mauger alifariki tarehe 16 Aprili 2018, Gold Coast, Australia, akiwa na miaka 78. Ukihesabu mataji ya wale watatu waliokulia Christchurch, Moore mawili, Briggs manne na Mauger sita, mji mmoja ulichukua mataji 12 ya dunia kati ya 1954 na 1979.

Na ile pikipiki ya dhahabu ilikwenda kuwekwa katika makumbusho ya Canterbury, huko huko Christchurch. Inang'aa toka tangi hadi spoki, na kama zile nyingine zote, haina breki.